Mashine Iliyoruhusiwa Kupita Jiwe la Bibi

Asubuhi niliyoondoka mtaani kwetu Izia nilikuwa nimetumwa sabuni. Nyinyi vijana wa karakana mnaponiuliza nilianzaje kazi ya mashine za boti, nawaona mnategemea kusikia kwamba nilisomea mahali, au kwamba kuna mtu mkubwa aliniona nikaitwa. Hakuna aliyeniita. Mbele ya duka palisimama lori, na juu ya magunia utingo alikuwa anatafuna hindi la kuchemsha, miguu inaning'inia, ana raha kuliko mtu yeyote niliyepata kumfahamu Sumbawanga. Nikamwuliza wanakwenda wapi.

"Namanyere."

"Halafu?"

"Halafu Kirando, ziwani, kufuata dagaa. Unakwenda?"

"Nakwenda."

"Unakwenda wapi?"

"Huko huko."

Akanitazama, akasogeza miguu nikapanda. Begani nilikuwa na mfuko wangu wa spana, ambao sikuwa nauacha nyumbani kwa sababu nina kaka. Sabuni, mpaka leo, sijaipeleka.

Shule niliiacha darasa la tano. Mwalimu alitufundisha kwamba ndani ya redio kuna mawimbi, nami nikaifungua redio ya shule niyaone. Sikuyaona, na mwalimu mkuu naye akaamua asinione tena. Baada ya hapo nilitengeneza baiskeli, nikahamia mashine za kusaga, nikazunguka vijiji vya nyanda za juu mpaka Mwazye nikibadilisha mikanda na kuchonga meno ya mawe. Kila mahali nilikaa mpaka nilipokwisha kuelewa mashine inavyofanya kazi. Zaidi ya hapo sikuona kilichobaki.

Ilikuwa miaka ile serikali ilipoachia biashara. Zamani kidogo tulikuwa tunapanga foleni kusubiri sabuni. Sasa sabuni zilijaa madukani na waliokuwa wanasubiri ni wauzaji. Vitu vilikuja kutoka kila upande, mitumba, redio, betri, sufuria, na kupitia Zambia zikaanza kuja mashine za boti, za mitumba nazo, zikiwa zimefungwa kwenye mablanketi kama wagonjwa.

Kupita Namanyere barabara huanza kuteremka. Kwenye kona moja niliona rangi ya buluu imejaa bondeni, nikamwuliza utingo ule ni moshi wa nini. Akasema ni maji. Nikasimama juu ya magunia, nikashika kamba, sikukaa tena hadi Kirando.

Lori lilipakia dagaa likageuza. Mimi sikugeuka. Nilifuata ufuko kuelekea kusini, kwa miguu, nikiangalia nyavu na mitumbwi, hadi kijiji kimoja chenye mwalo mdogo, pa kuegeshea mitumbwi, ndani ya ghuba. Jina lake silitaji, kwa sababu wazee wake bado wapo na bado wana uamuzi juu yangu. Nilipokatiza uani kwa mtu, mama mmoja akatoka mlangoni.

"Wewe wa mfuko! Hizo zinazogongana ni spana?"

"Shikamoo mama. Ni spana."

"Marahaba. Ingia."

Huyo ndiye Mama Gaudensia. Alikuwa mjane kutoka Mwazye, mtu wa juu kama mimi, amezaliwa na kukua katika mahindi na ulezi, hajui kuogelea na hapendi harufu ya samaki. Sebuleni kwake palikuwa na viti vyenye vitambaa vya kufuma, picha ya Bikira Maria, na katikati, juu ya stuli, imefunikwa kitambaa cha kufuma kikubwa kuliko vyote, mashine ya boti.

"Mume wangu aliniachia mashine ya kusaga," alisema. "Nimewauzia Wasukuma waliohamia na ng'ombe wao, nikanunua hii. Shemeji zangu walicheka mpaka wakakaa chini. Wameshagawana na shamba, wanasema aliyekwenda ziwani hahitaji shamba. Kwa hiyo mimi kurudi sina. Hii iende, au mimi niende kuomba unga kwa walionicheka. Unaijua?"

Sikuwa nimewahi kuiona mashine ya aina ile maishani mwangu.

"Najua za kusaga," nilisema.

"Mashine ni mashine," akasema Mama Gaudensia, akavua kitambaa.

Siku ya kwanza niliifungua ikawa vipande, nikavipanga kwenye mkeka kwa mfuatano, nikavirudisha. Kikabaki kimoja. Siku ya pili nikaifungua tena. Hii ndiyo njia niliyojifunzia, wala siwashauri muifuate. Lakini nimewaona wanaoanza kwa kutazama simu, nao hubakiza vipande viwili.

Aliyenifundisha kweli alikuwa Mkongo, Papaa Dezire, fundi aliyekuwa akivuka ziwa na mizigo ya vitenge na kulala kijijini kwetu upepo ukimzuia. Alikuwa mtu mnene, mpole, anavaa kofia ya sufi kwenye joto lile. Hakugusa mashine ya mtu kabla ya kuisikiliza. Aliinamisha kichwa, akafumba macho, akasema, "Plagi," au "Maji kwenye mafuta," au "Hii iko muzima, mwenyewe ndiye mugonjwa." Yeye ndiye aliyenionyesha kukata pini ya propela kutoka kwenye msumari, kukausha plagi kwenye jiko la mkaa, na jambo ambalo hadithi hii yote imesimama juu yake.

"Sikia, ndugu," alisema. "Masini hii iko na matumbo mawili. Dogo, la petroli. Kubwa, la mafuta ya taa. Asubuhi unaiamsha na petroli. Ikipata moto, unageuza koki, inakula mafuta ya taa, bei chini, mwenye boti anafurahi. Lakini mbele ya kuilaza, urudishe petroli kwanza. Ukiizima na mafuta ya taa kwenye koo, kuiamsha ni kazi. Utavuta kamba mupaka mukono utoke."

Mnaotengeneza mashine za siku hizi hamkuwahi kuishi na koki hiyo, kwa hiyo nawaomba mliweke hilo kichwani. Petroli kwanza, mafuta ya taa njiani, petroli tena kabla ya kuzima.

Nahodha wa boti ya Mama Gaudensia aliitwa Leonsi, mwenyeji wa pale, kifua kipana, mcheshi, mtu aliyepiga kasia tangu utoto na aliyeichukulia mashine kama mkwe mgeni: kwa heshima na bila kuiamini. Mimi na yeye tulipatana haraka. Miezi ya kwanza tulivua ndani ya ghuba tu, na mashine ilikwenda vizuri. Lakini soko lilikuwa Kirando, na kutoka ghubani kwenda Kirando lazima upite Jiwe la Bibi.

Ni mwamba mweusi uliosimama majini karibu na rasi, mkubwa kama kanisa la kigango, na mkondo wa maji huvuta kuuelekea. Desturi yake Leonsi alinieleza siku ya kwanza niliyopita naye kwa makasia. Mkifika usawa wake, makasia juu. Boti inajiendea yenyewe. Nahodha anamwaga unga wa ulezi majini. Hakuna kusema, hakuna kupiga mluzi, hakuna kunyoosha kidole. Mkilipita mnapiga kasia tena.

"Na asiyefanya?"

"Wapo," alisema Leonsi. "Hawapo."

Mtunzaji wa desturi hiyo alikuwa Mzee Oskari, ambaye vilevile alikuwa mwenyekiti wa kigango na ndiye aliyeongoza sala Jumapili padri akiwa mbali. Nilimwuliza siku moja anavyozipatanisha kazi hizo mbili. Akaniambia Jumapili haijawahi kugongana na Bibi hata mara moja, kwa kuwa Jumapili hawavui.

Basi boti yenye mashine ilipokwenda Kirando kwa mara ya kwanza, Leonsi na wenzake wawili ndani, mimi nikiwa nimebaki na homa, ikatokea kosa ambalo lisingeweza kutokea kwa watu wengine duniani. Walifika usawa wa jiwe. Makasia juu: lakini makasia hayakuwa yanafanya kazi, kazi ilikuwa ya mashine. Leonsi, mtu wa adabu, akaona haifai kumpigia Bibi kelele. Akaizima. Papo hapo, na mafuta ya taa kooni. Wakamwaga unga, wakanyamaza kwa heshima zote, kisha akavuta kamba, akavuta, akavuta, na mkondo nao ukavuta, hadi ubavu wa boti ukapasukia kwenye jiwe. Watu waliogelea wakatoka. Mashine waliiokoa, na boti wakaikokota hadi ufukoni. Dagaa wote walirudi walikotoka, wakiwa wamekaushwa tayari.

Kesho yake kikao kiliitwa mwaloni. Nilikwenda nimejifunga blanketi. Wenye mitumbwi ya makasia walikaa mbele, nyuso za huzuni, na baadhi yao huzuni iliwashinda mara kwa mara wakacheka.

"Bibi hataki mashine," alisema mmoja. "Ameonyesha mwenyewe. Iondoke ghubani."

"Iende wapi?" aliuliza Mama Gaudensia. "Nikailimie?"

"Mama, wewe ni mtu wa juu. Huko kwenu samaki mnamwona kwenye gazeti."

"Ndiyo. Limemfunga ndani, na anatoka kwenye boti yangu."

Vicheko. Bwana samaki wa serikali alikuwa amepita wiki ile, akatuambia mashine ni maendeleo na lazima tuzipokee, kisha akaondoka kwa miguu kwa sababu mashine ya boti yake ilikuwa mbovu. Kwa hiyo serikali ilikwisha kusema. Ilibaki kwa Mzee Oskari. Hakuniuliza kama Bibi yupo au hayupo, nami nashukuru, maana hilo sikuwa na spana yake. Aliniuliza:

"Kijana, kwa nini haikuamka?"

"Shikamoo mzee. Ilizimwa ikiwa na mafuta ya taa ndani."

"Na ingekuwa na petroli?"

"Ingeamka."

Akafikiri, mikono juu ya fimbo. "Leonsi, siku ukipita pale umelewa, Bibi anakuonaje?"

"Mzee, mimi sijawahi..."

"Naongea mfano."

"Vibaya, mzee."

"Basi." Akawageukia watu. "Mashine hii ilipitishwa mbele yake ikiwa na chang'aa tumboni. Mtu hapiti pale hivyo. Ijaribiwe ikiwa safi. Kuanzia kwenye michikichi ya rasi inywe petroli tupu. Nitakuwamo mimi mwenyewe. Ikinyamaza na kuamka, imekubaliwa. Isipoamka, Mama Gaudensia, utaitoa kijijini, na asije mwingine kuleta nyingine."

"Na mimi nitakuwamo," alisema Mama Gaudensia.

"Hujui kuogelea."

"Kwa hiyo nitaiombea kuliko nyinyi wote."

Boti ilizibwa kwa pamba na lami. Petroli ikawa haipo, iliyokuwepo ilizama. Mtu pekee mwenye petroli karibu alikuwa padri, kwenye pikipiki yake, aliyekuja siku hizo kubariki ndoa. Mama Gaudensia alimwendea na chupa.

"Ya nini, mama?"

"Ya safari ya Mzee Oskari, Baba."

"Anakwenda wapi?"

"Anakwenda kuomba."

"Mwambie aombe na mvua," alisema padri, akainamisha pikipiki.

Tukaondoka, wanne: Leonsi kwenye mashine, Mzee Oskari mbele na bakuli la ulezi, Mama Gaudensia katikati ameshika pande zote mbili za boti, na mimi pembeni ya Leonsi. Ufukoni kijiji kizima kilikuwa kimetoka kana kwamba tunakwenda Ulaya. Kwenye michikichi Leonsi akageuza koki, petroli. Sauti ikabadilika, ikawa nyepesi. Mzee Oskari hakujua lolote la mashine, lakini aliisikia, akaitikia kwa kichwa.

Karibu na jiwe ikakohoa. Mara moja, kisha tena. Sikupenda. Leonsi akaizima, kama ilivyopangwa. Kimya. Nilikuwa nimezoea kelele kiasi kwamba nilisikia ulezi ukigusa maji. Jiwe lilikuwa juu yetu, limelowa, na mkondo ukatushika taratibu, kama mtu anayekusogeza upite mlangoni.

Tukaanza kulipita. Mzee Oskari akaitikia kwa kichwa: amsha. Leonsi akavuta kamba. Kimya. Akavuta tena. Mashine ikatoa sauti ya mtu anayemeza mate.

Ndipo nilipoelewa. Juu ya kifuniko cha tangi dogo kuna skrubu ya hewa. Ukiifunga, petroli haishuki, kwa sababu hakuna hewa ya kuchukua nafasi yake. Leonsi, kwa kuithamini petroli ya padri, alikuwa ameikaza isimwagike hata tone. Kila fundi anajua la kufanya: mwambie mtu aliye karibu na kifuniko afungue hewa. Maneno mawili. Na hapo ndipo mahali pekee katika ziwa lote ambapo sikuruhusiwa kusema hata moja.

Kifuniko kilikuwa upande wa pili wa Leonsi, mkono wangu haukukifikia, nikamgusa begani. Akadhani namtia moyo, akavuta kwa nguvu zaidi. Nilivimbisha mashavu, nikapuliza. Akanikazia macho: kupiga mluzi kumekatazwa. Jiwe lilikuwa linakaribia ubavu uliozibwa juzi. Nikanyoosha kidole kwenye skrubu, nikakizungusha, nikazungusha. Leonsi akakifuata kidole changu, akapitiliza skrubu, akalitazama jiwe.

Mama Gaudensia ndiye aliyeona. Alikuwa ameniangalia uani mwake miezi mingi, wakati mwingine akinishikia taa.

"Leonsi, hewa!" alipaza sauti. "Fungua hewa!"

Mkono wa Leonsi ukatii kabla kichwa chake hakijakumbuka katazo. Skrubu ikalegea, tangi likavuta pumzi. Kamba. Mashine ikaamka, ikanguruma, maji yakachemka nyuma yetu, na tukaliacha Jiwe la Bibi kwa nafasi ambayo ungeweza kuipima kwa kasia. Mama Gaudensia akatapika upande wa pili. Kirando tulinunua chai tukainywa tukiwa tumesimama. Kurudi tulilipita jiwe vilevile, skrubu ya hewa ikiwa wazi.

Jioni Mzee Oskari alitoa uamuzi mwaloni. Sauti yake ilikuwa ya kawaida, ile ya matangazo ya Jumapili.

"Mashine imenyamaza na imeamka. Imekubaliwa. Sasa, watu. Mama Gaudensia amesema mbele ya Bibi."

"Nimesema," alisema Mama Gaudensia.

"Aliropoka kwa hofu, na ni mgeni wa maji. Hofu ina msamaha. Atatoa pombe ya ulezi, na yeye mwenyewe hatapita tena pale."

"Mzee, hata ungenilipa."

"Fundi."

"Naam, mzee."

"Wewe ulifundishwa. Ukanyoosha kidole."

"Nilikuwa naonyesha skrubu, mzee."

"Skrubu ilikuwa upande gani?"

Nikafikiri. "Upande wa jiwe."

"Na ulikizungusha," alisema Mzee Oskari kwa masikitiko. Watu wakaguna. "Mashine ibaki. Fundi hawezi kukaa kwenye mwalo huu."

Leonsi aliruka. "Mzee! Mashine bila fundi si ni kitambaa cha kufuma tu?"

"Kwani fundi ni yeye peke yake? Nani alijua hewa imefungwa?"

Macho yote yakamgeukia Mama Gaudensia. Nikawaza kupinga. Lakini nilipotafuta neno la kupinga nililiona limekwisha: alichosema mzee kilikuwa kweli. Nilipewa muda wa kumkabidhi kazi, nikamkabidhi: plagi, pini za misumari, koki, kusikiliza. Alifanya yote akiwa amevaa kanga ya kanisani, akikunja uso kwa harufu. Siku alipoifungua mashine mwenyewe, akaipanga mkekani na kuirudisha, hakikubaki kipande. Niliukagua mkeka mara mbili, kwa wivu.

"Shemeji zako sasa watasemaje?" nilimwuliza.

"Wanasema wanataka lifti hadi Kirando."

Mzee Oskari alikuja kuniaga na samaki wakavu, migebuka, akaniomba kabla sijaondoka nimtazamie redio yake. Nilimtazamia. Tulipeana mikono vizuri sana. Hakuwa na kinyongo nami wala mimi naye. Tulikuwa watu wawili ambao kila mmoja ana kazi yake.

Nikaondoka na boti ileile, kuelekea kusini safari hii. Kusini hakuna jiwe, lakini Leonsi alizima mashine mara mbili njiani kwenye miamba asiyoifahamu, kwa tahadhari, na kila mara ikaamka. Tulifika jioni kwenye mwalo mwingine, mkubwa kuliko wa kwetu, karabai zinaanza kuwashwa kwenye mitumbwi, na kwenye mchanga niliona mashine si moja, ni tatu, zimelazwa kwa namna ambayo hakuna mashine inayopaswa kulazwa. Moyo ukanichangamka. Leonsi akanipa mfuko, akanipungia, akarudi.

Mzee mmoja alikuwa anashona wavu mbele ya nyumba yenye vyumba vya uani. Nilimwamkia, nikamwuliza kama ana chumba cha kupangisha. Akaangalia mfuko, akasikiliza spana zikigongana.

"Chumba kipo. Wewe ni fundi?"

"Ni fundi. Lakini kabla sijaingia, mzee wangu, niulize kitu. Hapa kwenu kuna jiwe lolote?"

Akaacha kushona, akanitazama kwa huruma.

"Jiwe hatuna," alisema. "Tuna mti. Weka mfuko ndani, kesho nitakuonyesha pa kupitia."